Kulinganisha na Asili: Uhakiki wa Faili za Michezo ya Tarakilishi kwa Mfano wa Galbet, Garissa

Utangulizi

Neno 'uhakiki' limezoeleka katika kumbi za mihadhara ya Kiswahili kwa maana ya kuchambua na kutathmini kazi ya fasihi. Hata hivyo, lina maana nyingine ambayo haisikiki sana miongoni mwa wanafasihi, nayo ni ile ya kukagua kitu ili kuthibitisha kuwa ni chenyewe. Hiyo ndiyo maana iliyotawala nchini Tanzania katika miaka ya 2016 na 2017, serikali ilipoendesha uhakiki wa vyeti vya watumishi wa umma. Cheti kililinganishwa na kumbukumbu za asili, na kisicholingana nazo kikakataliwa.

Makala haya yanahusu uhakiki wa aina hiyo ya pili, katika uwanja wa michezo ya tarakilishi. Yanakusudia kueleza kwa nini mchezo uliokuwa ukifanya kazi vizuri jana hukataa kufunguka leo, jinsi programu inayouzindua inavyoweza kuurekebisha bila kuupakua upya, na mipaka ya tiba hiyo. Mfano unaotumika ni Galbet, mojawapo ya wadi za mji wa Garissa, ambao ulikuwa makao makuu ya Mkoa wa Kaskazini Mashariki kabla ya kuwa makao ya Kaunti ya Garissa mwaka 2013.

Huenda msomaji akauliza: mchezo ni mchezo, una uzito gani hata ukaandikiwa makala? Jibu ni kwamba vijana wengi huijua tarakilishi kwa mara ya kwanza kupitia michezo, na mchezo unapoharibika ndipo wanapojifunza, au wanapokosa kujifunza, namna ya kutafuta chanzo cha hitilafu. Aidha, kosa la kufuta mchezo mzima pasipo haja lina gharama. Mahali ambapo intaneti hununuliwa kwa vifurushi vya simu, gharama hiyo hutoka mfukoni mwa mtu, na aghalabu ni mfuko wa mwanafunzi.

Kizinduzi na Kazi Yake

Zamani mchezo wa tarakilishi uliuzwa ndani ya diski. Mnunuzi aliusakinisha, akacheza, na diski ikabaki kabatini kama nakala ya akiba. Utaratibu huo ulianza kubadilika kampuni ya Valve ya Marekani ilipoanzisha Steam mnamo Septemba 2003. Steam ni programu inayouza michezo, kuipakua, kuisasisha na kuifungua. Baadaye zikafuata nyingine za aina hiyo, zikiwamo Battle.net, GOG Galaxy, Ubisoft Connect na Epic Games, ambayo duka lake lilifunguliwa Desemba 2018. Katika makala haya programu ya aina hii inaitwa kizinduzi, kwa kuwa ndiyo inayouzindua mchezo.

Mchezaji wengi hudhani kuwa kizinduzi ni mlango tu. Ukweli ni kwamba ni mlango na mtunza maktaba kwa pamoja. Kwa kila mchezo uliosakinishwa, kizinduzi huwa na orodha kamili ya faili zinazopaswa kuwapo, ukubwa wa kila faili na alama ya kuitambulisha. Orodha hiyo hutoka kwa mtayarishaji wa mchezo. Hiyo ndiyo asili ambayo nakala iliyo katika tarakilishi ya mchezaji hulinganishwa nayo.

Jinsi Faili Zinavyoharibika

Mchezo mkubwa wa siku hizi unaweza kuwa na maelfu ya faili zenye jumla ya gigabaiti 50 au zaidi: picha, sauti, ramani, na maagizo yanayoiambia tarakilishi la kufanya. Kuharibika kwa sehemu ndogo tu ya mojawapo kunaweza kuuangusha mchezo wote, kama vile ukurasa mmoja uliong'oka unavyoweza kuifanya riwaya isieleweke.

Sababu za uharibifu huo ni kadhaa. Ya kwanza ni umeme kukatika wakati faili inaandikwa kwenye diski. Garissa una historia yake katika jambo hili. Kwa miaka mingi mji huo ulitegemea mitambo ya dizeli iliyojitenga na gridi ya taifa. Mwaka 2019 ulifunguliwa katika kaunti hiyo mtambo wa nishati ya jua wenye uwezo wa megawati 50. Hata hivyo, wingi wa umeme na uthabiti wake ni mambo mawili tofauti, na tarakilishi ya mezani isiyo na betri ya akiba huzimika papo hapo umeme unapokatika. Ikiwa mchezo ulikuwa ukisasishwa, faili iliyokuwa ikiandikwa hubaki nusu.

Ikumbukwe kuwa kukatika kwa intaneti pekee si hatari kiasi hicho. Kizinduzi husubiri, kisha huendelea pale kilipoachia. Wengi huulaumu mtandao kwa kosa la umeme.

Sababu ya pili ni diski iliyochakaa, ambayo husoma leo kile ilichoandika jana kwa makosa. Ya tatu ni programu ya kuzuia virusi, ambayo yaweza kuidhania faili ya mchezo kuwa kirusi na kuitia kizuizini kimyakimya. Ya nne ni mchezaji mwenyewe, anapoongeza faili za marekebisho zilizotungwa na wapenzi wa mchezo, kisha mchezo ukasasishwa na marekebisho hayo yakaacha kuoana na toleo jipya.

Uhakiki Unavyofanyika

Mwanafunzi wa fasihi hatashangazwa na njia inayotumika, kwa kuwa inafanana na kazi ya mhariri wa tendi za kale. Lamu, kaunti inayopakana na Garissa, ilikuwa na wanakili mashuhuri, miongoni mwao Muhamadi Kijuma, aliyenakili tendi kwa hati ya Kiarabu. Mhariri anayepata miswada mitatu ya utendi mmoja huilinganisha ubeti kwa ubeti. Panapotofautiana, hujiuliza ni mwanakili yupi aliyeteleza.

Kizinduzi nacho hulinganisha, ila hakisomi kila kitu na kukipeleka kwa mtayarishaji ili kilinganishwe. Kufanya hivyo kungekuwa sawa na kuupakua mchezo upya. Badala yake hutumia alama-tambulishi. Faili hupitishwa katika kanuni ya kihisabati inayotoa mfuatano mfupi wa herufi na tarakimu. Kanuni iitwayo SHA-1, iliyochapishwa Marekani mwaka 1995, hutoa alama yenye herufi na tarakimu 40, iwe kilichopimwa ni neno moja au filamu nzima. Ikibadilika herufi moja tu katika faili, alama yote hubadilika. Kwa hiyo kinacholinganishwa ni alama na alama, na kazi ya saa nyingi mtandaoni hugeuka kuwa kazi ya dakika chache ndani ya tarakilishi yenyewe.

Katika Steam kila faili hugawanywa katika vipande vya takriban megabaiti 1, na kila kipande kina alama yake. Kipande ambacho alama yake hailingani na orodha hutambuliwa kuwa kibovu, na hicho pekee ndicho kinachopakuliwa tena. Hapa ndipo penye faida kubwa kwa mkazi wa Galbet.

Hesabu ifuatayo inadhihirisha jambo hilo. Mchezo ni wa gigabaiti 50, na intaneti ina kasi ya megabiti 5 kwa sekunde. Kuupakua wote upya kutachukua takriban saa 22, endapo kasi haitashuka wala umeme kukatika. Ikiwa vipande vibovu vina jumla ya megabaiti 300, kuvipakua kutachukua takriban dakika 8. Kwa anayelipia kifurushi kwa gigabaiti, tofauti ni kati ya kununua gigabaiti 50 na kutumia chini ya theluthi ya gigabaiti moja.

Hatua kwa Utaratibu

Hatua ya kwanza ni kueleza hitilafu kwa usahihi, na hapa lugha ni sehemu ya tiba. Kauli 'mchezo umeharibika' haimwelezi fundi chochote. Mchezo uliogoma kufunguka si sawa na uliokwama, yaani picha ikasimama na vitufe visiitike. Wala uliokwama si sawa na uliojifunga, yaani ukatoweka na kumrudisha mchezaji kwenye uso wa tarakilishi. Pia huulizwa ni wakati gani. Mchezo unaojifunga mahali palepale kila mara, tuseme katika mlango wa ngome fulani, huashiria faili mbovu. Unaojifunga popote baada ya nusu saa ya kucheza huashiria joto au kumbukumbu ya tarakilishi. Ulioanza kujifunga baada ya sasisho huashiria marekebisho yasiyooana au kiendeshi cha kadi ya michoro kilichopitwa na wakati.

Hatua ya pili ni kuizima na kuiwasha upya tarakilishi, kisha kuangalia kama diski ina nafasi ya kutosha. Diski iliyojaa huzuia masasisho kukamilika.

Hatua ya tatu ni kunakili faili za maendeleo ya mchezaji, yaani zile zinazohifadhi alipofikia katika mchezo. Michezo mingi huziweka nje ya folda ya mchezo wenyewe, kwa mfano katika folda ya nyaraka ya mtumiaji. Uhakiki kwa kawaida hauzigusi, lakini kuufuta mchezo kunaweza kuzifuta pia. Mchezo waweza kupakuliwa tena. Miezi mitatu ya kucheza haipakuliki.

Hatua ya nne ndiyo uhakiki wenyewe. Katika Steam mchezaji hufungua maktaba, hubofya jina la mchezo kwa kitufe cha kulia cha kipanya, huchagua sifa za mchezo, kisha sehemu ya faili zilizosakinishwa, na humo huona amri inayoanza na neno 'Verify'. Katika Epic Games hubofya nukta tatu zilizo kando ya mchezo na kufungua sehemu ya usimamizi, ambamo amri hiyo hiyo imo. Battle.net huiweka chini ya alama ya gurudumu la meno kando ya kitufe cha kuchezea, na huunganisha ukaguzi na ukarabati katika amri moja. Katika programu ya EA amri hubeba neno 'Repair'. Majina yanatofautiana, kazi ni ile ile.

Hatua ya tano, ambayo wengi huiruka, ni kuhakiki mara ya pili. Uhakiki wa pili haupaswi kukuta uharibifu mpya. Upo udhuru mmoja: faili za mipangilio ambazo mchezo hujiandikia wenyewe zinaweza kutajwa kila mara, na hilo si hitilafu. Lakini ikiwa kila uhakiki unakuta faili nyingine mbovu, na nyingine tena, basi ugonjwa haumo katika mchezo. Diski au kumbukumbu ya tarakilishi ndiyo inayougua, na nyaraka nyingine zote zilizomo, tasnifu ya mwanafunzi ikiwamo, zimo hatarini. Katika hali hiyo mchezo umemtolea mwenyewe onyo la mapema.

Hatua ya sita ni kuangalia kizuizi cha programu ya kuzuia virusi, kuondoa marekebisho yote, na kusasisha kiendeshi cha kadi ya michoro. Kuhusu marekebisho, ni muhimu kujua kwamba uhakiki hurudisha faili za asili zilizobadilishwa, ila aghalabu hauondoi faili ngeni zilizoongezwa. Hizo huondolewa kwa mkono.

Kuufuta mchezo na kuusakinisha upya huja mwisho. Hata hapo si lazima kuanzia patupu. Februari 2023 Steam ilianzisha njia ya kuhamisha mchezo kutoka tarakilishi moja hadi nyingine ndani ya mtandao mmoja wa nyumbani au ofisini, bila kutumia kifurushi cha intaneti kuupakua. Pia folda ya mchezo inaweza kubebwa kwa diski ya nje kutoka kwa rafiki mwenye intaneti ya kasi, ikawekwa mahali pake, kisha ikahakikiwa. Kizinduzi huzikubali faili zilizo sahihi na kupakua zilizopungua tu. Sharti ni kwamba kila mmoja awe na haki yake ya kuumiliki mchezo huo.

Mipaka ya Uhakiki

Tiba hii haiponyi kila maradhi. Mfano wa karibuni ni ule wa vichakataji vya Intel vya kizazi cha 13 na cha 14. Wachezaji katika nchi nyingi waliona michezo yao ikijifunga, mara nyingine kwa ujumbe wa kwamba kumbukumbu ya michoro haitoshi, ilhali ilitosha. Waliohakiki faili hawakupata nafuu ya kudumu. Mwaka 2024 Intel ilithibitisha kuwa chanzo kilikuwa volteji ya juu kupita kiasi iliyokuwa ikivichakaza vichakataji vyenyewe, na Agosti mwaka huo ikatoa sasisho la kuizuia. Sasisho hilo liliwafaa ambao vichakataji vyao vilikuwa bado vizima. Vilivyokwisha kuharibika vilihitaji kubadilishwa.

Joto la mazingira nalo ni mpaka mwingine. Mchana wa Garissa mara nyingi hupita nyuzi 35 za selisiasi, na tarakilishi hupoozwa kwa hewa ile ile iliyo chumbani. Vumbi likijaa katika feni, mashine hujipunguzia kasi au hujizima ili isiungue. Hapo ufagio mdogo na dirisha lililo wazi husaidia kuliko amri yoyote ya kizinduzi.

Mpaka wa tatu ni nakala zisizo halali. Mchezo ulionakiliwa kutoka kwa flashi hadi flashi huku kinga yake imeondolewa hauna orodha ya asili ya kulinganishwa nayo. Ukiharibika, hakuna ajuaye ulikuwaje ulipokuwa mzima. Mwenye nakala hiyo yu katika hali ya mhariri aliyebakiwa na mswada mmoja uliotafunwa na mchwa.

Usahihi, Asili na Lugha

Ulinganisho na uhariri wa tendi una kikomo chake, na kikomo hicho kinafundisha jambo. Mhariri hupima. Aweza kuona kwamba neno lililo katika nakala ya baadaye linakamilisha mizani vyema zaidi, akaeleza hoja yake. Kizinduzi hakipimi. Kwacho 'sahihi' ni 'sawa na asili', basi. Faili iliyoboreshwa na faili iliyooza huhukumiwa hukumu moja.

Jambo hili lina uzito kwa Kiswahili. Miongoni mwa marekebisho yanayotungwa na wapenzi wa michezo ni tafsiri. Chukua mfano wa wanafunzi wanaoamua kuutafsiri mchezo kwa Kiswahili kwa kubadilisha faili zake za maandishi. Siku mchezo huo utakapohakikiwa, kizinduzi kitayaona maneno yote ya Kiswahili kuwa uharibifu, kitayafuta na kurudisha Kiingereza. Hakitakuwa kimekosea, kitakuwa kimefanya kazi kiliyoagizwa. Tafsiri hudumu pale tu mtayarishaji anapoipokea na kuiingiza katika orodha ya asili, au anapoweka mlango rasmi wa kuongezea lugha bila kugusa faili zake.

Kwamba inawezekana kuingia katika asili, historia imeonyesha. Mwaka 2004 mradi wa Kilinux wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam ulitoa Jambo OpenOffice, programu ya kiofisi yenye kiolesura cha Kiswahili. Windows nayo imewahi kutolewa na kiolesura cha Kiswahili. Steam, licha ya kuwa na lugha zaidi ya 25 za kiolesura, haina Kiswahili. Kwa hivyo kijana wa Galbet anayezungumza Kisomali nyumbani na Kiswahili sokoni na shuleni hukutana na amri ya kuutibu mchezo wake kwa lugha ya tatu, na humtegemea anayeifahamu.

Tatizo jingine ni la istilahi. Mashine yenyewe imeitwa kompyuta, tarakilishi na ngamizi. Kwa amri inayojadiliwa hapa, wapo watakaosema kuthibitisha, wengine kukagua, wengine kuhakiki. Makala haya yametumia 'kuhakiki' kwa sababu kukagua ni kutazama tu, na kuthibitisha ni kutangaza matokeo. Kuhakiki kunabeba yote mawili, yaani kulinganisha na kutoa uamuzi. Wanaisimu wanaweza kupendekeza neno bora zaidi. Lililo muhimu ni kwamba fundi na mwenye tarakilishi wawe na neno moja la pamoja, kwani mgonjwa asiyeweza kutaja panapouma hutibiwa kwa kubahatisha.

Hitimisho

Makala yameonyesha kuwa mchezo unaojifunga si lazima ufutwe. Mara nyingi kilichoharibika ni vipande vichache, na kizinduzi kina uwezo wa kuvitambua kwa kulinganisha alama zake na orodha ya asili, kikapakua hivyo tu. Palipo na umeme usio thabiti na intaneti ya kununua kwa kifurushi, kujua hili ni akiba ya fedha na ya muda. Pia imeonekana kuwa uhakiki unaokuta makosa mapya kila mara ni dalili ya ugonjwa wa mashine, na kwamba upo uharibifu usiotibika kwa njia hii.

Kwa wanafunzi na wahadhiri wa Kiswahili lipo jukumu linalobaki. Maelezo ya hatua zilizotajwa hapo juu ni mafupi kiasi cha kuenea katika ukurasa mmoja. Chama cha Kiswahili cha chuo chochote kinaweza kuuandaa ukurasa huo kwa istilahi zilizokubaliwa na kuubandika katika maabara ya tarakilishi. Maadamu amri zenyewe bado zimeandikwa kwa lugha nyingine, ukurasa wa namna hiyo ungemwezesha kijana wa Galbet kuhakiki mchezo wake mwenyewe, na siku tasnifu yake itakapogoma kufunguka, awe anajua pa kuanzia.